Vichwa vya Dizeli vya Uingereza na Watu Walioviendesha

Msomaji anayefungua kitabu cha insha za utamaduni hutazamia kukuta humo ngoma, mashairi, mavazi na mila za ndoa. Huenda basi akashangaa kukuta habari za vichwa vya treni vilivyoundwa Derby, Swindon na Glasgow. Lakini kazi ya mikono ni sehemu ya utamaduni wa kila taifa, na katika Afrika ya Mashariki ni kazi chache za kigeni zilizoingia ndani ya maisha ya watu kama reli. Reli imetupa maneno ya lugha, imeotesha miji mahali palipokuwa pori, na imelea vizazi vya mafundi, madereva na magadi. Vichwa vingi vilivyovuta treni zetu, vya mvuke kwanza na vya dizeli baadaye, vilitoka Uingereza. Kwa hiyo habari ya namna Waingereza wenyewe walivyoacha makaa ya mawe na kushika dizeli yatuhusu, tena ina mambo ambayo hayafai kufunikwa na sifa za ufundi wao. Katika muda wa miaka ishirini tu, nchi iliyoizaa reli ilitupa vichwa elfu ishirini hivi vya mvuke, ikanunua maelfu ya vichwa vipya, ikavitupa mamia ya hivyo vipya kabla havijazeeka, na ikageuza kazi ya maelfu ya watu ambao walijulishwa mambo yakiwa yamekwisha kukatwa.

Kwanza yafaa tueleze mtambo wenyewe. Injini ya dizeli haina plagi ya kutoa cheche. Hewa hubanwa ndani ya silinda mpaka ikapata joto kali, kisha mafuta hunyunyizwa humo, nayo huwaka yenyewe. Rudolf Diesel, Mjerumani, alionyesha injini yake iliyofanya kazi barabara mwaka 1897. Mwingereza Herbert Akroyd Stuart alikuwa amekwisha kupata hataza za injini ya jamii hiyo mwaka 1890, na wako wenzake wasioacha kunung'unika kwamba jina lililobaki midomoni mwa watu ni la yule Mjerumani. Tuwaachie ugomvi wao.

Injini hiyo ina udhaifu mmoja ambao ndio ufunguo wa historia yote inayofuata. Mvuke waweza kusukuma pistoni hata gurudumu likiwa limesimama kabisa. Dereva hufungua bomba, na treni huanza kwenda. Injini ya dizeli haiwezi. Sharti kwanza izunguke, ndipo ipewe mzigo, la sivyo huzimika. Hapana budi basi pawepo kitu cha katikati kati ya injini na magurudumu. Njia zilizotumika zaidi ni mbili. Katika njia ya kwanza injini huzungusha jenereta, jenereta hutoa umeme, na umeme huzungusha mota zilizofungwa kwenye ekseli. Katika ya pili, nguvu hupitishwa kwa mafuta yanayosukumwa kwa kasi ndani ya gia ya pekee, ambayo mafundi huiita gia ya haidroli. Njia ya umeme ni nzito lakini ni mvumilivu. Njia ya haidroli ni nyepesi, ila yataka mafundi waizoee na vipuri vilivyo sahihi. Waingereza walizijaribu zote mbili kwa wakati mmoja, katika nchi moja, chini ya shirika moja.

Mwanzo wao ulikuwa wa busara. Katika miaka ya 1930 kampuni ya reli iliyoitwa LMS ilianza kutumia dizeli kwa kazi ya kushanti, yaani kusukuma na kupanga mabehewa kwenye yadi. Kichwa cha mvuke hula makaa hata kikiwa kimesimama kikingoja, na kazi ya yadi ni kungoja kwingi. Dizeli huzimwa, ikawashwa tena inapotakiwa, na yaweza kufanya kazi usiku na mchana bila kurudishwa shedi kusafishwa majivu. Kutokana na majaribio hayo ilipatikana injini ya English Electric ya nguvu za farasi 350, ambayo tutaikuta tena mwishoni mwa habari hii.

Kisha vikaja vita, na baada ya vita chama cha Labour kikachukua serikali na kuamua kuzitaifisha reli zote. Siku ya kutaifishwa iliwekwa kuwa tarehe 1 Januari, 1948. Mhandisi mkuu wa LMS, H. G. Ivatt, alikuwa na kichwa kikubwa cha dizeli kikiundwa katika karakana ya Derby, naye akaharakisha kazi ili kitoke kabla kampuni haijafa. Kilitoka Desemba 1947, namba 10000, nguvu za farasi 1,600, kikiwa na herufi LMS kubwa ubavuni, majuma machache tu kabla ya kampuni hiyo kutoweka. Ndugu yake, namba 10001, alimfuata mwaka 1948. Vichwa hivyo viwili vilifanya kazi kwa miaka mingi, kimoja kimoja au vikiwa vimeunganishwa, na vikaonyesha wazi kwamba dizeli yaweza kuvuta treni za haraka za abiria. Lakini utawala mpya haukufuata njia hiyo. Robert Riddles, aliyesimamia mitambo katika Shirika la Reli la Uingereza, aliona kwamba makaa ya mawe yamo ndani ya ardhi yao, na mafuta hununuliwa nje kwa fedha za kigeni ambazo nchi iliyotoka vitani haikuwa nazo. Shabaha yake ilikuwa kuendelea na mvuke hadi hapo reli kuu zitakapowekewa umeme. Akaunda vichwa vipya vya mvuke 999 kati ya mwaka 1951 na 1960. Wako wanaomcheka Riddles leo. Mimi sidhani kwamba hoja yake ilikuwa ya kuchekwa; nchi yoyote iliyowahi kukosa fedha za kigeni za kununulia mafuta itamwelewa.

Kilichoishinda hoja hiyo ni watu. Kichwa cha mvuke kilihitaji dereva na mchochea moto, ambaye watu wa reli kwetu walimwita fayamani. Katika safari ndefu fayamani alitupa tani kadhaa za makaa tanuruni kwa sepeto, akisimama juu ya sakafu inayotikisika, uso ukiungua na mgongo ukipigwa na baridi. Nyuma yao lilikuwako jeshi la watu wasioonekana na abiria: waosha vichwa, wazoa majivu, wawasha moto walioingia kazini usiku wa manane ili kichwa kiwe na mvuke asubuhi. Kijana aliingia akiwa mwosha vichwa, akapanda kuwa fayamani, na baada ya miaka mingi sana akawa dereva. Madaraja hayo yalikuwa na heshima yake, na dereva wa treni kubwa alikuwa mtu wa kuinuliwa kofia. Lakini katika miaka ya 1950 viwanda vya magari na vya redio vilitoa kazi safi yenye saa za kawaida, na vijana hawakutaka tena kuanza maisha ndani ya majivu. Mashedi ya mijini yakakosa watu.

Basi Januari 1955 ikatangazwa mipango ya kuzifanya reli kuwa za kisasa kwa gharama ya pauni milioni 1,240. Mvuke ungeondolewa, na mahali pake pangeshikwa na umeme na dizeli. Jambo moja katika mipango hiyo lilikuwa la hekima kubwa. Kwa kuwa viwanda vya Uingereza havikuwa na uzoefu mwingi wa dizeli kubwa za njia kuu, iliamriwa vinunuliwe vichwa 174 tu vya majaribio, kutoka kwa watengenezaji mbalimbali, katika madaraja matatu ya nguvu, navyo vijaribiwe kwa miaka mitatu kabla ya kuagiza vingi. Cha kwanza kilipokelewa Juni 1957, namba D8000, kutoka English Electric.

Hekima hiyo haikuheshimiwa. Hasara ya Shirika ilikuwa ikipanda mwaka hata mwaka, malori yalikuwa yakiwanyang'anya mizigo, na wakubwa wakajishawishi kwamba dizeli ndiyo dawa ya hasara hiyo. Kabla muda wa majaribio haujatimia, na kwa aina nyingine kabla hata kichwa kimoja hakijaguswa na dereva, mamia yakaagizwa. Tena maagizo yaligawanywa ili kila kiwanda na kila mji upate fungu lake. Matokeo yalikuwa mchanganyiko wa ajabu wa injini za watengenezaji wengi, jenereta za wengine, na mitambo ya kuongozea isiyoelewana. Vichwa viwili vya dizeli vinaweza kuunganishwa na kuongozwa na dereva mmoja, lakini kwa sharti kwamba nyaya zao zimepangwa namna moja. Uingereza ilikuwa na mipango mingi ya nyaya, hata ikalazimu kupaka alama za rangi kwenye nyuso za vichwa: nyota ya buluu, duara jekundu, pembetatu ya manjano, almasi nyeupe, mraba wa rangi ya machungwa. Nyota ya buluu haikuweza kushikana na duara jekundu. Dereva wa shedi kubwa ilimpasa kusoma alama hizo kama mtu asomaye bendera za merikebu.

Mfano wa kusikitisha ni vichwa 20 vilivyoundwa na Metropolitan-Vickers mwaka 1958 na 1959. Vilitiwa injini za Crossley, ambazo asili yake ilikuwa injini za meli, nazo zilitoa moshi mwingi na kuharibika ovyo. Vilikuwa na magurudumu sita yenye mota upande mmoja na manne upande mwingine, umbo ambalo halikurudiwa tena Uingereza. Inasemekana hata vioo vya mbele vililegea na kuanguka treni ikiwa mbioni. Vilipangiwa treni ya haraka ya mizigo ya usiku iliyoitwa Condor, kati ya London na Glasgow, viwili viwili, na mara nyingi kimoja kiliharibika kikabaki kukokotwa na mwenzake. Vikarudishwa kiwandani kutengenezwa. Kufikia mwaka 1969 vyote vilikuwa vimeondolewa kazini. Kimoja kimesalia, D5705, na sababu ya kusalia kwake ni kwamba idara ya utafiti ilikichukua kwa matumizi yake.

Habari ya kiwanda cha North British cha Glasgow inatuhusu zaidi. Kampuni hiyo iliyoundwa mwaka 1903 iliwahi kuwa kubwa kuliko zote za Ulaya katika kutengeneza vichwa vya treni, na vichwa vyake vya mvuke vilitawanyika duniani kote. Reli ya Afrika ya Mashariki ilinunua humo makundi ya 29 na 30 katika miaka ya 1950, na vichwa vya kundi hilo vikapewa majina ya makabila yetu. Kimoja chao, namba 3020, chenye jina la Wanyaturu wa Singida, kimehifadhiwa katika makumbusho ya reli ya Nairobi. Mafundi wa Glasgow walijua mvuke kwa mikono na kwa masikio. Ulipokuja wakati wa dizeli, kampuni ilichukua leseni ya kutengeneza injini za MAN za Ujerumani, ikaunda vichwa 58 vya umeme na dizeli kwa ajili ya Shirika la Uingereza. Injini zilezile zilizokwenda vizuri zilipotengenezwa Ujerumani zilileta matatizo yasiyokwisha zilipotengenezwa Glasgow, kwa kuwa ufundi wa dizeli wataka vipimo vya unywele na desturi nyingine ya kazi. Vichwa vilivyokuwa vimeanza kazi upande wa London vilihamishiwa Uskochi ili viwe karibu na waliovitengeneza. Kampuni ilifilisika mwaka 1962. Baadhi ya vichwa vilibadilishwa injini, vingine vikakatwa, na mapema katika miaka ya 1970 hapakubaki hata kimoja kazini. Maelfu ya mafundi wa mtaa wa Springburn, ambao baba zao na babu zao walifanya kazi hiyohiyo, walikosa kazi, na ujuzi wa vizazi vitatu ukatawanyika bila kurithiwa.

Ugomvi wa umeme na haidroli nao una chanzo cha kiutamaduni, ukitaka kuuita hivyo. Reli ya Magharibi, iliyotoka London kwenda Bristol na Cornwall, ilikuwa na fahari yake ya tangu zamani na haikupenda kufuata wenzake. Wakubwa wake walitazama Ujerumani Magharibi, ambako vichwa vya V200 vilikuwa vikifanya kazi kwa gia ya haidroli tangu mwaka 1953, wakaona uzito mdogo ndio faida. Na hoja yao ilikuwa na nguvu. Kichwa cha English Electric cha nguvu za farasi 2,000 kilikuwa na uzito wa tani 133, kwa hiyo kilitumia nguvu nyingi kujibeba chenyewe. Kichwa cha Swindon cha aina ya Warship, kilichotoka mwaka 1958, kilikuwa na nguvu hizohizo na uzito wa tani 78. Baadaye wakaunda vichwa 74 vya aina ya Western, vyenye umbo ambalo watu wengi huliona kuwa zuri kupita yote ya nchi ile. Lakini kundi dogo lenye injini na gia zake za pekee ni ghali kulitunza. Shirika lilipoamua kupunguza aina za vichwa, vya haidroli vilihukumiwa kwanza, na treni ya mwisho ya Western ilikwenda Februari 1977. Vya kuhuzunisha kuliko vyote ni vichwa 56 vidogo vilivyoundwa Swindon mwaka 1964 na 1965 kwa kazi ya treni ndogo za mizigo za vijijini. Kufikia mwaka 1969 Shirika lilikuwa limevitoa vyote. Vingi viliuzwa kwa migodi ya makaa na viwanda vya chuma, na huko vikafanya kazi vizuri kwa miaka mingi.

Kosa la vichwa hivyo halikuwa katika chuma chake. Machi 1963 Dakta Richard Beeching alitoa ripoti iliyopendekeza kufungwa kwa maelfu ya maili za reli na vituo vingi. Reli za vijijini zilifungwa, na kazi iliyokusudiwa vichwa vidogo ikafa. Kwa maneno mengine, mkono mmoja wa serikali uliagiza vichwa na mkono mwingine ukang'oa reli vilizopaswa kupita. Vichwa vya mvuke navyo havikuachwa vimalize umri wake. Evening Star, cha mwisho kuundwa kwa Shirika, kilitoka Swindon Machi 1960, kikafanya kazi miaka mitano tu. Tarehe 11 Agosti, 1968, treni ya mwisho ya mvuke ilikwenda kutoka Liverpool hadi Carlisle na kurudi, nauli gini 15, na watu wakajipanga kandokando ya njia kama wanaosindikiza jeneza.

Haitakuwa haki kusema mabaya matupu. Kichwa cha Deltic kinastahili kuelezwa. English Electric ilikuwa na kampuni ndogo yake, Napier, iliyokuwa imetengeneza injini kwa ajili ya boti za kasi za jeshi la majini. Silinda zake 18 zimepangwa katika pembetatu, kila silinda ina pistoni mbili zinazokabiliana, na kila pembe ina krenki yake. Injini hiyo ilikuwa na nguvu nyingi kwa uzito mdogo. Wakazitia mbili ndani ya kichwa kimoja, kila moja ya nguvu za farasi 1,650, na mwaka 1955 wakakitoa kwa fedha zao wenyewe bila kuagizwa na mtu, kimepakwa rangi ya buluu hafifu. Wakubwa wa Shirika hawakukitamani sana. Aliyekitaka ni Gerard Fiennes, mtu wa usafirishaji katika njia ya London kwenda Newcastle na Edinburgh, aliyefahamu kwamba abiria hununua saa na dakika, hawanunui injini. Vichwa 22 viliagizwa, vikatoka mwaka 1961 na 1962, na vikashika kazi ya vichwa 55 vya mvuke. Vilikwenda maili 100 kwa saa kila siku. Tena vilinunuliwa pamoja na mkataba wa matengenezo: injini ikiugua, ilitolewa nzima na nyingine kutiwa, na kichwa kikarudi njiani wakati injini mbovu ikifunguliwa kwa utulivu karakanani. Hili ni jambo ambalo aina nyingine zilikosa. Baadhi ya Deltic zilipita maili milioni mbili. Ziliondolewa mwanzoni mwa Januari 1982, na sauti yake, ngurumo ya chini inayogeuka kuwa mvumo, bado hutafutwa na wapenzi wa reli kwenye kanda.

Sasa turudi kwa yule fayamani. Dizeli haikuwa na tanuru, basi yeye alikuwa na kazi gani? Kwa miaka kadhaa jibu lilikuwa la kuchekesha kidogo. Mabehewa ya abiria yalipashwa joto kwa mvuke, kwa hiyo vichwa vya dizeli vilitiwa boila ndogo za kutoa mvuke huo, nazo zilikuwa na tabia mbaya, zikizima katikati ya usiku wa theluji. Fayamani akawa msaidizi wa dereva na mlinzi wa boila. Chama cha madereva na mafayamani, ASLEF, ambacho kiligoma kwa siku kumi na saba mwaka 1955 juu ya mishahara, kilitetea kiti cha mtu wa pili kwa nguvu zote. Wakubwa waliona mtu aliyelipwa kukaa. Chama kiliona usalama wa treni, na zaidi ya hayo kiliona ngazi: fayamani akiondolewa, dereva wa kesho atajifunzia wapi? Swali hilo lilikuwa la kweli. Jambo lilifika kilele mwaka 1972, treni mpya ya kasi ilipotolewa kwa majaribio ikiwa na kiti kimoja tu cha dereva katikati. Chama kilikataa kuiendesha mpaka makubaliano yapatikane, na majaribio yakachelewa. Baadaye treni hiyo ilifika maili 143 kwa saa tarehe 12 Juni, 1973, lakini zile zilizoundwa kwa kazi ya kila siku, zilizoanza kubeba abiria Oktoba 1976, zilikuwa na viti viwili mbele. Ndizo treni zilizookoa safari ndefu za reli ile, nazo ziliendelea katika njia kuu za London kwa zaidi ya miaka arobaini.

Kulikuwa na mlango mwingine uliofungwa, nao si wa mtambo. Watu wa Karibiani na wa Asia waliitwa Uingereza baada ya vita kuziba pengo la wafanyakazi, na reli iliwapokea kama wachukuzi na waosha vichwa. Wilston Samuel Jackson kutoka Jamaika alipanda ngazi yote, akawa dereva mwaka 1962 katika shedi la King's Cross, mtu mweusi wa kwanza kufikia cheo hicho nchini humo. Baadaye alihamia Zambia akafanya kazi ya reli huko. Mwaka 1966 Asquith Xavier, gadi kutoka Dominika, alikataliwa uhamisho wa kwenda kituo cha Euston kwa sababu ya rangi yake, na wafanyakazi wenzake ndio waliokuwa wameweka kizuizi hicho. Alilalamika hadharani, na kizuizi kikaondolewa mwaka huohuo. Vyama vilivyotetea ngazi ya fayamani vizuri hivyo vilikuwa na wanachama waliotaka ngazi hiyo iwe yao peke yao.

Na kwetu? Mwaka 1960 Reli ya Afrika ya Mashariki ilianza kupokea vichwa vya kundi la 90 kutoka kiwanda cha Vulcan Foundry cha English Electric, Newton-le-Willows, kundi ambalo baadaye lilipewa namba 87. Injini yake ya silinda 12 ilikuwa ya ukoo mmoja na ile iliyotiwa katika vichwa 309 vya Uingereza vilivyoitwa baadaye kundi la 37, na kundi hilo la 37 ni miongoni mwa yaliyodumu kuliko yote. Wakubwa wa Nairobi hawakununua Crossley. Reli yetu ya upana wa mita moja haikuweza kuhimili uzito mkubwa kwenye ekseli moja, kwa hiyo kila upande uliongezwa ekseli isiyo na mota ya kusaidia kubeba. Kazi iliyovingoja haikufanana na ya Lancashire. Kutoka Mombasa reli hupanda kutoka usawa wa bahari, hupita nyika ya Taru isiyo na maji, huvuka Bonde la Ufa na kufika Timboroa, zaidi ya mita 2,700 juu, mahali ambapo hewa ni haba na injini ya dizeli hupumua kwa shida kama mwanadamu. Lakini faida moja ilizidi hasara hiyo. Dizeli haikunywa maji ya nyikani, ambayo ni machache na yenye chumvi ya kuharibu boila.

Vichwa vikubwa vya mvuke vya kundi la 59, tani 252 kila kimoja, vilivyopewa majina ya milima yetu, viliendelea bega kwa bega na dizeli hadi mwishoni mwa miaka ya 1970. Viwili vimesalia Nairobi, Mount Gelai na Mount Shengena, milima yote miwili ikiwa Tanzania. Na hii ni kumbukumbu ya jumuiya iliyovunjika mwaka 1977 na vichwa vyake kugawanywa baina ya mashirika matatu. Reli ya TAZARA, iliyokabidhiwa mwaka 1976, ilianza na vichwa vya dizeli vya haidroli kutoka China, navyo vilitaabika katika mpando wa kutoka Mlimba kwenda Makambako, hata mwaka 1983 vikaletwa vya umeme na dizeli vya Krupp kutoka Ujerumani Magharibi. Ule ugomvi wa Swindon ulikuwa umefika Kusini mwa Tanzania, katika mlima ulio mkali kuliko wowote wa Cornwall.

Imebaki ile injini ya yadi ya nguvu za farasi 350. Kutokana nayo Shirika la Uingereza liliunda, kati ya mwaka 1952 na 1962, vichwa 996 vya kushanti vya aina moja, vinavyokwenda polepole, magurudumu sita yameunganishwa kwa fimbo kama vya mvuke. Aina hiyo ilitoka katika majaribio ya miaka ya 1930, wakati hakuna aliyekuwa na haraka. Deltic zimeingia makumbusho, Western na Warship vivyo hivyo, na zile treni za viti viwili zimeondoka London. Baadhi ya vichwa hivyo vidogo vinafanya kazi hata leo katika karakana na yadi za Uingereza, vikisukuma mabehewa mapya kuingia ndani kufanyiwa matengenezo.